Khabari za Mbaruk bin Rashid al-Mazrui na Mji Wake wa Gasi

 

Katika watu waliopata jina kubwa katika pwani hii, tangu Vanga hatta Malindi, ni wachache waliotajwa kwa mapenzi na kwa khofu pamoja kama alivyotajwa Mbaruk bin Rashid bin Salim al-Mazrui, mkubwa wa Gasi. Wako waliomwita shujaa aliyekataa kuinamisha kichwa, na wako waliomwita mtu wa fitina aliyewatia raia katika msiba. Kauli zote mbili zina ukweli ndani yake, na mwenye kutaka insafu hana budi kuzipima pamoja. Lakini khabari zake hazifahamiki mpaka ujulikane kwanza mji wake ulivyokaa, kwani mji huo mdogo ndio uliompa nguvu, na ndio alioupoteza mwisho wa mambo yake.

NCHI YA GASI

Gasi ni mji wa pwani upande wa kusini ya Mombasa, kadiri ya kilometa 50 kwa njia iendayo Vanga. Mbele yake iko ghuba isiyokuwa na kina kirefu. Maji yakitoka, hubaki tope na mchanga na majani ya bahari. Na maji yakijaa, hufika hatta ndani ya mikoko. Mito miwili itokayo milima ya Shimba humwaga maji yake katika ghuba hiyo, nayo ni Kidogoweni upande wa kaskazini na Mkurumuji upande wa kusini. Upande wa mashariki iko nchi ya Chale na mwamba, navyo huikinga ghuba na mawimbi ya bahari kuu.

Mikoko ya Gasi ina aina nyingi, na wenyeji huzijua kwa majina na kwa kazi zake: mkoko wenyewe na mkandaa kwa boriti, mchu na mlilana kwa vyombo, muia na mkomafi kwa haja nyinginezo. Kwa boriti hizo watu walijenga nyumba zao, na nyingine zilipakiwa majahazini zikauzwa ng'ambo. Nyuma ya mikoko ni minazi, na nyuma ya minazi ni vijiji na mashamba ya Wadigo, wenyeji wa nchi hiyo tangu zamani. Kisha nchi hupanda kidogo kidogo mpaka kufika milima ya Shimba. Katika milima hiyo kuna kilima kiitwacho Mwele, na zama hizo kilikuwa kimefunikwa na msitu mnene wenye njia nyembamba, zisizojulikana ila na wenyeji.

Basi Gasi ulikuwa mji wenye milango miwili. Mlango wa mbele ni bahari, na kwa huo ziliingia nguo na bunduki na baruti, zikatoka boriti na nazi na nafaka. Mlango wa nyuma ni msitu wa Mwele, na kwa huo mtu aliyeshindwa pwani aliweza kutoka akaokoka, akangoja mpaka adui yake achoke. Mwenye kuishika milango hii miwili katika kichwa chake ameshika nusu ya khabari za Mbaruk.

ASILI YA MAZRUI NA MSIBA WA MWAKA 1837

Mazrui ni watu wa Oman. Waoman walipoitwaa Ngome ya Mombasa katika mikono ya Wareno mwezi wa Disemba mwaka 1698, Mazrui walikuwa miongoni mwa waliopewa uliwali wa mji. Mwaka 1741 dola ya Oman ilipoanza kuingia katika mikono ya Albusaidi, Mazrui wa Mombasa walikataa kuwatii, wakajitawala wenyewe kwa karibu miaka mia moja. Nguvu yao ilifika Pemba upande mmoja na Pate upande wa pili, mpaka waliposhindwa katika vita vya Shela ya Lamu kadiri ya mwaka 1812.

Seyyid Said bin Sultan alipokuwa mtawala wa Oman na Unguja alitaka kuitia Mombasa katika mkono wake. Alikuja na merikebu za vita zaidi ya mara moja, wala mizinga haikummalizia kazi. Kilichommalizia kazi ni khitilafu za Mazrui wenyewe. Alipokufa Salim bin Ahmed mwaka 1835, jamaa walianza kugombania uliwali, na baadhi ya wakubwa wa mji waliochoshwa nao wakaandikiana na Seyyid. Mwaka 1837 Rashid bin Salim, liwali wa mwisho wa kabila hilo, alitoa mji kwa mapatano, akidhani kwamba yeye na jamaa zake wamepata amani.

Baada ya muda mfupi wakubwa wa Mazrui, zaidi ya watu 20, waliitwa katika Ngome. Waliingia kwa heshima kama watu waendao barazani, wakakamatwa humo, wakatiwa merikebuni, wakapelekwa Unguja, kisha Bandar Abbas katika pwani ya Uajemi. Huko walifungwa, na huko wakafa. Rashid bin Salim alikuwa mmoja wao. Mbaruk, mwanawe, alikuwa bado mtoto.

Jamaa waliosalia hawakungoja siku ya pili kuitwa. Walitoka Mombasa wakagawanyika mafungu mawili: fungu moja lilikwenda kaskazini likakaa Takaungu, na fungu la pili likaenda kusini likakaa Gasi. Kwa hivyo Gasi ya Mazrui ilianza kuwa makimbilio ya watu walioonja ubaya wa ahadi iliyovunjwa. Mtoto aliyekulia katika nyumba kama hizo husikia jina la baba yake kila siku, wala haonyeshwi kaburi lake. Jambo hilo lilimfuata Mbaruk umri wake wote.

MBARUK ASHIKA UKUBWA

Katika miaka ya 1860 ukubwa wa Gasi ulimfikia Mbaruk. Alikuwa mtu wa akili na subira, hodari wa vita, mkarimu kwa mgeni, tena mkali kwa aliyemwasi. Alijenga nyumba ya mawe karibu na bahari, akajikusanyia watu: Mazrui wenziwe, Waswahili, Wadigo waliofungamana naye, na watumwa waliotoroka mabwana zao katika miji mingine wakaona kuwa chini yake wana bunduki mkononi badala ya jembe. Watu hao ndio waliokuwa jeshi lake.

Wala si haki kuificha sehemu iliyo chungu. Mji kama huo ulikula kwa mashamba na biashara, na ulikula pia kwa upanga. Mashamba ya Gasi yalilimwa na watumwa. Watu wa Mbaruk walishambulia vijiji vya Wadigo na Waduruma, wakachukua ng'ombe na watu, na waliochukuliwa waliuzwa au walitiwa kazini. Mtu ambaye baba yake alitolewa kwao kwa nguvu akafia katika nchi ya ugeni, alikuwa naye akiwatoa watoto wa watu wengine kwao kwa nguvu. Mwenye kusoma tarikh kwa kutaka faida, wala si kwa kujisifu kwa ukoo, hana budi kusimama hapa kidogo.

UGOMVI WAKE NA SEYYID BARGHASH

Siku za Seyyid Majid, Mbaruk alikaa na Unguja katika hali isiyokuwa vita wala mapenzi. Majid alipokufa mwaka 1870 akatawala Seyyid Barghash, mtu mwenye nguvu aliyetaka pwani yote imtii yeye peke yake. Hapo ugomvi ukawa hauna budi. Katika miaka ya 1870 majeshi ya Seyyid yalipigana na Mbaruk, na kila mara mwendo wa vita ulikuwa mmoja. Askari wa Unguja hushuka pwani wakautwaa mji. Mbaruk hutoka kwa mlango wa nyuma akapanda Mwele. Askari humfuata, wakasumbuliwa na msitu na njaa na homa, wakarudi. Naye hushuka tena akajenga palipobomoka.

Mwaka 1882 watu wake waliushambulia mji wa Vanga, na Seyyid Barghash akampeleka Lloyd Mathews, Mwingereza aliyekuwa jemadari wa askari zake. Mathews aliizingira Mwele akaitwaa boma lake, lakini Mbaruk mwenyewe hakupatikana. Haikupita miaka mingi ila alikuwa tena Gasi, amekaa katika nyumba yake. Ikawa kama kwamba mambo yamekwisha kwa sare: Seyyid hawezi kumwondoa, wala yeye hawezi kuirudisha Mombasa.

Katika vita hivyo vyote aliyepigwa ni Mwislamu na aliyepiga ni Mwislamu. Na zilipokuwa nguvu za Unguja na nguvu za Mazrui zikimalizana hivyo katika msitu wa Mwele, Wazungu walikuwa wamekaa Ulaya wakipiga mistari juu ya ramani.

KUJA KWA KAMPUNI

Mwaka 1886 Waingereza na Wadachi walipatana juu ya kugawana nchi za bara, na mpaka wao ukapita karibu na Vanga, si mbali na Gasi. Mwaka 1887 Seyyid Barghash alikubali kuikabidhi pwani ya kaskazini kwa Waingereza waitawale kwa jina lake, na mwaka 1888 ikasimama Kampuni ya Kiingereza ya Afrika ya Mashariki kwa hati ya serikali yao.

Mbaruk alipoyaona haya hakukimbilia bunduki. Aliona kwamba Kampuni ni wafanya biashara, na mfanya biashara husemezeka. Alipatana nao, akapokea posho yao, nao wakaridhika kuwa na amani katika njia ya Vanga. Kwa miaka kadha wa kadha mtu huyu aliyekuwa akisemwa kwamba damu yake haijui kutulia alikaa Gasi kwa utulivu. Umri wake ulikuwa umekwenda, ndevu zake zimekuwa nyeupe, na kwa kadiri ya mambo ya dunia hakuwa na haja ya vita tena.

WAGENI KUTOKA TAKAUNGU

Mwezi wa Februari mwaka 1895 alikufa Salim bin Khamis, liwali wa Takaungu. Waliotaka kumrithi walikuwa wawili. Wa kwanza ni Mubarak bin Rashid, mtoto wa ndugu yake, naye ndiye mkubwa kwa umri, na baba yake alikuwa ametawala kabla ya Salim. Wa pili ni Rashid bin Salim, mwana wa marehemu. Msomaji asichanganye majina: huyu Mubarak bin Rashid ni wa Takaungu, na jina lake limefanana tu na la Mbaruk bin Rashid wa Gasi, na Rashid bin Salim huyu naye si yule aliyefia Bandar Abbas.

Kwa ada ya Mazrui, jambo kama hilo huamuliwa na wazee wa kabila katika baraza lao. Kampuni haikungoja. Ilimchagua Rashid kwa kuwa ni kijana na ni rafiki yao, ikamsimamisha. Mubarak akatoka Takaungu kwa hasira, yeye na ndugu yake Aziz na wafuasi wao, wakaenda Gonjoro upande wa bara. Kampuni ikawafuata kwa askari, na vita vikaanza. Huku nyuma Kampuni yenyewe ilikuwa imefilisika, na tarehe 1 Julai 1895, katika Muharram ya mwaka 1313, serikali ya Uingereza ikaitwaa nchi mkononi mwake, na mkubwa wake akawa Sir Arthur Hardinge. Ugomvi wa urithi wa mji mmoja ukawa sasa ni ugomvi na dola kubwa kuliko zote za wakati ule.

Walipozidiwa, watu wa Takaungu walikwenda kusini kwa jamaa yao. Wakaja wakabisha mlango wa Gasi.

Hapa ndipo palipokuwa na mtihani wa Mbaruk. Serikali ilimtaka awatoe wageni wale au asiwape hifadhi. Akikubali, posho yake inabaki, nyumba yake inabaki, na atakufa kitandani mwake katika sauti ya bahari ya Gasi. Akikataa, manowari zitakuja. Naye alikuwa amekwisha kujua tangu miaka mingi nguvu ya Waingereza ni nini. Hakuwa kijana wa kudanganyika. Ugomvi wenyewe haukuwa wake, wala Takaungu haikuwa yake, na fungu lile la Mazrui halikumsaidia siku alipopigana na Barghash.

Lakini mkononi mwake walikuwamo jamaa walioingia nyumbani kwake wakitaka amani. Naye alikuwa mwana wa Rashid bin Salim, aliyeingia Ngome akiwa katika amani, akatolewa humo mfungwa. Kuwatoa wale ilikuwa ni kuwatendea wao aliyotendewa baba yake, na mtendaji safari hii awe ni yeye. Alijaribu kwa siku kadha kutafuta njia ya katikati, akaandikiana na wakubwa, akachelewesha, akaomba muda. Njia ya katikati haikupatikana. Hardinge alikwenda Gasi na manowari, na Mbaruk akafanya kama alivyofanya kila mara: akatoka kwa mlango wa nyuma, akapanda Mwele, na wageni wake akapanda nao.

VITA VYA MWELE NA MWISHO WAKE

Boma la Mwele lilikuwa la magogo, limezungukwa na msitu uliokatwa ukalazwa ili kuzuia njia. Mwezi wa Agosti jeshi lilipanda kutoka pwani chini ya Amiri Harry Rawson, nalo lilikuwa na mabaharia na askari wa manowari za Kiingereza, na askari wa Kisudani, na askari wa Unguja, na mamia ya wapagazi waliochukua maji na risasi na makombora. Mathews, aliyeitwaa Mwele mwaka 1882, alikuwamo tena. Tarehe 17 Agosti 1895 boma likapigwa kwa mizinga midogo na makombora, kisha likaingiwa kwa nguvu na kuteketezwa. Waingereza waliihesabu vita hii kuwa kubwa hatta jina la Mwele likachorwa katika ukingo wa nishani waliyopewa waliopigana.

Mbaruk hakukamatwa. Kwa miezi minane baada ya siku hiyo yeye na watu wa Takaungu walipigana kwa kuvizia. Waliungwa mkono na Hamisi bin Kombo wa Mtwapa, na baadhi ya Wagiriama. Njia zikawa hazipitiki, mashamba yakachomwa, vijiji vikahamwa. Wanyonge wa pande zote waliumia kuliko wenye vita, kama ilivyo ada ya nyasi wapiganapo ndovu. Mwisho serikali ilileta kikosi kutoka Bara Hindi, kikashuka Mombasa mwezi wa Machi 1896, wakaanza kuzifunga njia moja baada ya moja. Msitu wa Mwele, uliomwokoa Mbaruk mara nyingi kwa kuwa maadui zake walichoka, safari hii haukumfaa. Kwani maadui hawa hawakuwa na haja ya kurudi kwao.

Mwezi wa Aprili 1896 Mbaruk alivuka mpaka akaingia nchi ya Wadachi pamoja na mamia ya watu wenye silaha, na wake na watoto wao, na wageni wale wa Takaungu ambao kwa ajili yao alipoteza kila kitu. Wakaweka silaha zao mbele ya Gavana Hermann von Wissmann. Huyu Wissmann ndiye aliyevunja vita vya Abushiri bin Salim na Bwana Heri katika pwani hiyo miaka michache nyuma.

WAGENI WAWILI WA DAR ES SALAAM

Mbaruk alikaa Dar es Salaam kwa posho ya Wadachi. Haukwisha mwaka ila alifika mgeni wa pili katika mji huo huo.

Tarehe 25 Agosti 1896 alikufa Sultani Hamed bin Thuwaini wa Unguja, na Seyyid Khalid bin Barghash akaingia katika jumba la kifalme akajitangaza kuwa Sultani. Waingereza hawakumtaka. Asubuhi ya tarehe 27 Agosti manowari zao zililipiga jumba hilo kwa mizinga kwa muda usiofika saa nzima, na watu mamia wakafa. Khalid akakimbilia katika nyumba ya balozi wa Wadachi, kisha akavushwa kwa merikebu mpaka Dar es Salaam. Na amiri aliyeongoza manowari hizo alikuwa ni Rawson, yule yule wa Mwele.

Na atazame mwenye akili. Mmoja wa wageni wale wawili ni mwana wa Rashid bin Salim, aliyefungwa na Seyyid Said. Wa pili ni mwana wa Barghash, mjukuu wa Seyyid Said huyo huyo. Nyumba mbili hizi ziligombania pwani hii tangu mwaka 1741, zikamwaga damu kizazi baada ya kizazi, kila moja ikidhani kwamba ikimwondoa mwenziwe itapumzika. Kisha wakaondolewa wote wawili, mmoja baada ya mwingine, kwa mkono wa amiri mmoja, wakawa wageni katika mji mmoja, wakila posho ya taifa moja la kigeni. Lile lililogombaniwa lilikuwa limekwisha kuchukuliwa na watu ambao hawakuwa Mazrui wala Albusaidi.

Mbaruk alifariki Dar es Salaam mwaka 1910, sawa na mwaka 1328 wa Hijra, akiwa mzee sana, wala hakurudi kukaa Gasi. Kama baba yake, alikufa katika nchi ya ugeni. Tofauti ni kuwa baba yake alipelekwa huko kwa kuvunjiwa ahadi, na yeye alifika huko kwa sababu alikataa kuivunja. Khalid alibaki katika ulinzi wa Wadachi mpaka Waingereza walipomkamata wakati wa vita vikuu, wakamhamisha mbali, na mwisho akafa Mombasa mwaka 1927, katika mji ule uliokuwa wa Mazrui.

GASI BAADA YAKE

Mji wa Gasi haukupata tena mkubwa mfano wake. Utumwa ulifutwa katika pwani hiyo mwaka 1907, na wale waliokuwa wakilima kwa nguvu wakawa watu huru, wengi wao katika mashamba yasiyokuwa na hati. Wadigo, ambao wazee wao walikuwa wakiuogopa mji kwa sababu ya bunduki zake, waliingia katika Uislamu kwa wingi katika miaka hiyo, si kwa upanga wa mtu, bali kwa biashara na ujirani na kusomeshwa na walimu. Lile ambalo nguvu haikulifanya kwa miaka 50, chuo na msikiti vililifanya kwa upole.

Vita havikuusahau mji. Mwezi wa Oktoba 1914 Wadachi walivuka mpaka wakaushambulia Gasi, wakarudishwa nyuma. Na katika Mwele hiyo hiyo Januari 1916 aliuawa Arthur Wavell, Mwingereza aliyekuwa amiri wa kikosi cha Waarabu wa Mombasa, naye ni yule aliyejigeuza mwaka 1908 akaingia Makka katika msimu wa Haji kwa jina la Kiislamu. Basi kilima kimoja katika nchi ya Kwale kilimwaga damu ya watu wa Seyyid Barghash, na ya Mazrui, na ya Waingereza, na ya Wadachi, kisha msitu ukaota juu ya yote.

Nyumba ya mawe ya Mbaruk ilibaki, na baadaye ikatumiwa kuwa skuli, watoto wa Kidigo na Kiswahili wakasomea alifu na hisabu katika vyumba vya mtu aliyewatia khofu babu zao. Mikoko ya ghuba ilikatwa mno kwa boriti na kwa kuni za viwanda, hasa katika miaka ya 1970, mpaka mahali pengine pakabaki tope tupu. Kisha wanavijiji wa Gasi na Makongeni wakaanza kuipanda na kuilinda. Mwaka 2013 ulianza mpango wao uitwao Mikoko Pamoja, ambao kwa huo hekta 117 za mikoko huhifadhiwa ili ivute hewa chafu ya makaa, na watu wa nchi za mbali hulipa fedha kwa manufaa hayo, nazo hutiwa katika skuli na maji ya vijiji. Mji uliojulikana zamani kwa milango miwili ya vita na biashara sasa hujulikana kwa miti yake.

MAZINGATIO

Katika khabari hizi mna mazingatio matatu.

La kwanza ni kwamba dhulma haifi pamoja na aliyeitenda. Waliokamatwa Ngomeni mwaka 1837 walikuwa zaidi kidogo ya 20, na aliyewakamata alidhani kuwa amemaliza ugomvi. Ugomvi huo ulidumu karibu miaka 60, na wajukuu wake wakaulipia.

La pili ni kwamba aliyedhulumiwa naye huweza kudhulumu. Machungu ya Mbaruk yalikuwa ya kweli, wala hayakumhalalishia ng'ombe wa Mduruma wala mtoto wa Mdigo. Mtu asipimwe kwa yale aliyotendewa tu. Apimwe pia kwa yale aliyowatendea wasiokuwa na nguvu.

La tatu ni kwamba, pamoja na makosa yake, siku alipobishiwa mlango na wanaotaka amani hakuwauza. Alikuwa mzee, alikuwa na cha kupoteza, na alijua bei yake. Aliilipa yote: nyumba, mji, minazi na nchi. Waliomchukia walimhesabia mengi, lakini hakuna aliyeweza kumhesabia kwamba alimtoa mgeni wake.

Mwenyezi Mungu amrehemu yeye, na awarehemu waliokufa kwa mkono wake na waliokufa kwa ajili yake, na awape wenye kubaki kuungana kabla ya kupoteza, si baada yake. Naye ndiye Mjuzi wa yote.